Historia ya Kilwa iingie darasani, pamoja na kurasa zake ngumu

KILWA, teritwari ya Pweto. Mwulize mwanafunzi yeyote wa sekondari hapa kwetu Mkutano wa Berlin ulifanyika mwaka gani. Atajibu upesi: 1884 hadi 1885. Mwulize nani aliuawa Bunkeya mwaka 1891, wengi watakuambia ni M'siri. Sasa mwulize kwa nini kisiwa cha Kilwa, kilicho mle ziwani na karibu zaidi na upande wetu kuliko ng'ambo ya pili, ni mali ya Zambia. Hapo atanyamaza. Mwulize ni nini kilitokea hapa mjini Oktoba 2004. Hapo atakuangalia kwanza usoni ajue wewe ni nani, kabla ya kufungua kinywa.

Hiyo ndiyo habari yetu ya leo, ndugu wasikilizaji, pamoja nanyi mnaotusoma kwenye simu kule Lubumbashi, Kasenga, Pweto na ng'ambo ya Zambia. Watoto wetu wanasoma historia, lakini kwao hawamo ndani yake. Tena jambo hilo linawagusa zaidi wale waliohama makwao, maana mtoto aliyeondoka mjini akiwa mdogo hana ukuta wala mti wa kumkumbusha chochote. Ana maneno ya mama yake tu, na mara nyingi mama mwenyewe hataki kusema.

Kuna jambo la kuchekesha kidogo. Ukikutana na jina Kilwa ndani ya kitabu cha historia ya Afrika, si sisi. Ni Kilwa Kisiwani, kule pwani ya Tanzania, mji wa biashara ya dhahabu ambao msafiri Ibn Battuta aliufikia mwaka 1331, na ambao magofu yake UNESCO iliyaingiza mwaka 1981 kwenye orodha ya urithi wa dunia. Mtoto wetu anafungua ukurasa, anaona jina la kwao, anafurahi, kisha anatambua kwamba ni Kilwa ya watu wengine. Kilwa ya Ziwa Moero haimo.

Kwa nini haimo? Tusimtupie mwalimu lawama haraka. Mtihani wa serikali, ule tunaouita egzetat, ni mmoja kwa nchi nzima. Mtoto wa Kilwa anaulizwa sawa na mtoto wa Kinshasa au wa Mbandaka. Swali juu ya Ziwa Moero haliwezi kutokea, kwa hiyo saa inayotumika kwa Ziwa Moero inaonekana kama saa iliyopotea. Mzazi naye anayelipa masomo ya sekondari (ile elimu ya bure iliyoanza 2019 ni ya shule ya msingi) anataka diploma. Mwalimu ana kitabu kimoja, ubao na chaki. Tena somo lenyewe ni kwa Kifaransa, wakati wazee wenye habari wanazisema kwa Kibemba, kwa Kitabwa, kwa Kiswahili. Hivyo mlango unafungwa bila mtu yeyote kuamua kuufunga.

Lakini vitu vya kufundishia vipo. Havigharimu dola hata moja.

Tuanze na ziwa. Wazee wa Luapula, upande wetu na upande wa Zambia, wanasimulia habari ya mwanamke mmoja aitwaye Nachituti. Kaka yake, Nkuba, alikuwa mkubwa wa Washila, wavuvi wa maji haya. Nkuba alimwua mtoto wa Nachituti. Mama huyo kwa uchungu alikwenda kwa Kazembe, mfalme wa Walunda waliotoka magharibi, akamwomba amlipie kisasi. Kazembe akamwua Nkuba. Ndipo Nachituti akampa Kazembe kikapu cha udongo na chungu cha maji: chukua nchi, chukua ziwa.

Mwalimu anaweza kuisimulia kwa dakika kumi. Kazi inaanza baada ya hapo. Awaulize watoto: simulizi hii inamfaa nani? Walunda walikuja wakashinda, lakini katika simulizi hawakunyang'anya, walipewa. Na Washila, ingawa walishindwa, wanabaki kuwa wale ambao zawadi ilitoka mikononi mwao, kwa hiyo bado wana neno juu ya maji na uvuvi. Kumbe hadithi ya zamani ni mabishano juu ya nani mwenye ziwa, na mabishano hayo hayajaisha. Mtoto akielewa hivyo kwa Nachituti, ataweza kuuliza swali hilohilo juu ya gazeti, juu ya hotuba ya mkubwa, hata juu ya kitabu chake cha darasani. Kwangu mimi somo hilo linapita tarehe mia moja za kukariri.

Kisha kuna maandishi ya wageni, ya kulinganisha na maneno ya wazee. Mreno Lacerda alifika kwa Kazembe mwaka 1798, akafia huko. Wafanyabiashara wawili Waafrika kutoka Angola, Pedro João Baptista na Amaro José, walifika kwa Kazembe mwaka 1806, wakazuiliwa miaka kadhaa, wakaendelea mpaka Tete upande wa Bahari ya Hindi mwaka 1811. Walivuka bara hili tangu magharibi hadi mashariki miaka mingi kabla ya Livingstone, lakini jina lililo katika vinywa vya watoto ni la Livingstone. Yeye aliliona Ziwa Moero tarehe 8 Novemba 1867, na kwa Kazembe alimkuta Mwarabu, Mohamed bin Saleh, aliyekuwa amekaa huko muda mrefu. Hata Kiswahili tunachokisema kina njia yake: misafara ya biashara kutoka mashariki, na M'siri mwenyewe aliyetoka upande wa Wanyamwezi, katika Tanzania ya leo, akajenga ufalme wake Bunkeya. Mtoto anayedhani Kiswahili kililetwa na radio ashangae kidogo.

Na kisiwa? Mpaka wa Kongo ya Leopold na nchi ya Waingereza hapa ziwani uliandikwa katika mapatano ya mwaka 1894, mbali na hapa, na watu ambao hawakuwahi kutupa wavu ndani ya Moero. Mstari ulipitishwa kiasi kwamba kisiwa kikabaki kwa Waingereza, na baadaye kwa Zambia. Wavuvi wanaujua mpaka huo kuliko profesa yeyote, kwa sababu wanakamatwa juu yake. Mwaka uleule wa 1894 mmisionari Dan Crawford, aliyekuwa Bunkeya siku za M'siri, alianzisha misioni ya Luanza, kaskazini mwetu kandokando ya ziwa, akaishi huko mpaka kufa kwake mwaka 1926. Luanza si mbali. Darasa linaweza kufika.

Sasa tupande barabara mpaka Lubumbashi, kilomita kama 350 hivi, maana familia nyingi zinazotusoma ziko huko, na kwa sababu historia ya ziwa na historia ya mji ule ni kamba moja.

Mji ule ulianzishwa mwaka 1910 kwa jina la Elisabethville, jina la malkia wa Wabelgiji. Reli kutoka kusini ilifika mwaka huohuo, na mwaka uliofuata Union Minière ikawasha tanuru lake la kwanza kando ya mto Lubumbashi. Wafanyakazi walitoka wapi? Kila mahali. Waliandikishwa Luapula, Rhodesia ya Kaskazini, Kasai, na tangu miaka ya 1920 hata Rwanda na Burundi. Na watu hao wote walikula nini? Walikula unga, na walikula samaki wetu. Kasenga, juu ya Luapula, ikawa bandari ya samaki wa Elisabethville. Wafanyabiashara Wagiriki walinunua kwa wavuvi, wakaweka barafu, wakapeleka mjini kwa malori. Samaki aitwaye mpumbu, aliyekuwa akipanda mto kwa wingi majira ya mvua ili kutaga mayai, alivuliwa vibaya mno kiasi kwamba mpaka mwisho wa miaka ya 1940 alikuwa karibu kutoweka. Nkambo zetu walilia mpumbu. Shaba ya Lubumbashi ilikula ziwa letu muda mrefu kabla ya mgodi wowote kufunguliwa karibu na Kilwa.

Kwa hiyo mtoto aliyetoka Kilwa, akiitwa «wa kuja» ndani ya darasa la Katuba au Ruashi, ana jibu. Mji mzima ni wa kuja. Wakati Union Minière inaandikisha baba za hao wanaomcheka, baba zake walikuwa wanawalisha.

Lubumbashi yenyewe inasomeka kwa miguu. Ukitoka katikati ya mji ukielekea Kamalondo, ambayo zamani iliitwa komini Albert, unapita mahali palipokuwa ukanda mtupu ulioachwa makusudi kati ya mji wa wazungu na mji wa weusi. Mweusi hakuruhusiwa kukaa ng'ambo ile usiku, isipokuwa boyi aliyelala nyuma ya nyumba ya bwana wake. Ile mumbunda ndefu ya Gécamines na mlima wake mweusi wa takataka za shaba vinaonekana toka mbali. Vimepigwa hata kwenye mapicha ya harusi. Wanafunzi wakitembea asubuhi moja wakiwa na daftari, wakiuliza kila barabara iliitwaje zamani na kwa nini jina lilibadilishwa, watarudi na masomo ya mwezi mzima. Hata jina la mji lilibadilika: Elisabethville ikawa Lubumbashi mwaka 1966.

Tena wapo wenyeji waliotangulia kufanya kazi hiyo, na kwa Kiswahili. Mwaka 1965 watu waliokuwa maboyi katika nyumba za wazungu waliandikisha historia ya mji wao. André Yav ndiye aliyeikusanya, na ilipigwa kwa mashine kwa Kiswahili cha Lubumbashi, kile cha mtaani, chini ya kichwa cha Kifaransa: Vocabulaire de ville de Elisabethville. Hawakuwa maprofesa. Walikuwa wapishi na wafua nguo, lakini walijua kilichosemwa mezani. Mwaka 1990 mtaalamu Johannes Fabian alikichapisha chote pamoja na tafsiri. Fabian huyohuyo, mwaka 1973 na 1974, alikaa na mchoraji wa Katanga, Tshibumba Kanda Matulu, ambaye alichora historia nzima ya nchi hii katika picha mia moja na moja, akieleza kila moja kwa Kiswahili: M'siri, Wabelgiji, Lumumba, Tshombe. Tshibumba alijiita mwanahistoria. Picha hizo ziko Amsterdam leo, na naomba niseme wazi kwamba jambo hilo linaniuma. Mtoto wa Kenya au wa Kamalondo angepaswa kuziona hata kwa nakala ya karatasi ukutani mwa darasa.

Na toka mwaka 2000 maprofesa Donatien Dibwe dia Mwembu, wa Chuo Kikuu cha Lubumbashi, na Bogumil Jewsiewicki waliendesha mradi wa Mémoires de Lubumbashi: waliwasikiliza wakaaji, wakakusanya vitu vya nyumbani, wakaonyesha hadharani mambo ambayo hakuna aliyedhani yanastahili makumbusho. Sufuria, cherehani, picha ya ndoa. Kumbe sanduku la mama ni nyaraka.

Hapo ndipo wengine wanasema: vizuri, fundisheni samaki, fundisheni majina ya barabara, lakini msiguse mambo ya damu. Nawaelewa. Sikubaliani nao.

Desemba 1941, wafanyakazi wa Union Minière huko Elisabethville waligoma. Vita vya ulimwengu vilikuwa vimepandisha bei ya kila kitu, kazi imeongezeka, mshahara haukutosha. Walikusanyika kwenye uwanja wa mpira. Msemaji wao, Léonard Mpoyi, aliuawa hapo, mbele ya gavana Maron, na askari wakafyatua risasi juu ya umati. Ni wangapi walikufa? Serikali ya wakoloni ilitoa hesabu yake, ya makumi. Kumbukumbu ya wafanyakazi ina hesabu kubwa zaidi. Miaka zaidi ya themanini imepita na hesabu hizo mbili hazijakutana. Somo la historia liko hapohapo: nani alihesabu, alihesabu nini, na nani hakuruhusiwa kuhesabu.

Lumumba aliuawa tarehe 17 Januari 1961, Shilatembo, kwenye barabara ya kwenda Likasi. Hilo angalau linafundishwa. Lakini miaka ya 1992 hadi 1994, wakati maelfu kwa maelfu ya watu wenye asili ya Kasai walifukuzwa Katanga, wakalala kwenye stesheni za Likasi na Kolwezi wakingoja treni, hiyo inapitwa kimyakimya. Walifukuzwa na majirani waliosoma nao. Walioitwa «wa kuja» walikuwa watoto na wajukuu wa watu walioandikishwa na kampuni kuujenga mji. Mwalimu anayeogopa kuufundisha mwaka 1992 ana sababu, maana ndani ya darasa lake wamekaa watoto wa pande zote mbili. Lakini watoto hao tayari wana toleo lao, lile la nyumbani, na matoleo ya nyumbani hayajawahi kuwekwa pamoja mezani.

Tunafika kwetu. Wanafunzi wote walio sekondari leo walizaliwa baada ya 2004. Kwao ni jambo la kunong'onezwa. Basi tuseme yaliyo kwenye nyaraka, bila kuongeza.

Usiku wa kuamkia tarehe 14 Oktoba 2004 kikundi kidogo cha waasi, wakiongozwa na kijana Alain Kazadi Makalayi, kiliingia Kilwa. Walianza wakiwa wachache wa kuhesabika kwa vidole, wakajiongezea vijana hapahapa. Wakaaji wengi walikimbia. Kesho yake, tarehe 15, jeshi la FARDC, brigedi ya 62 chini ya kanali Adémar Ilunga, likaurudisha mji. Upinzani ulikuwa mdogo. Yaliyofuata hayakuwa madogo: nyumba ziliporwa, watu walikamatwa, wengine walipelekwa Nsensele wakauawa, wakazikwa katika makaburi ya pamoja. Wachunguzi wa MONUC walihesabu watu 73 kwa uchache waliokufa, na kati yao 28 ambao inashukiwa waliuawa bila hukumu yoyote. Kampuni ya Anvil Mining, iliyochimba shaba na fedha huko Dikulushi, kilomita kama 50 kutoka hapa, ilitoa magari yaliyotumiwa na askari, na ndege zilizowasafirisha. Kampuni ilisema jeshi lilivichukua kwa amri na haikuwa na uchaguzi.

Kesi ilisikilizwa mbele ya mahakama ya kijeshi Lubumbashi. Wanajeshi tisa na watumishi watatu wa Anvil walishtakiwa. Tarehe 28 Juni 2007 mahakama iliwaachilia wote kuhusu makosa ya vita ya Kilwa. Mkuu wa haki za binadamu wa Umoja wa Mataifa, Louise Arbour, alisema hadharani kwamba hukumu hiyo inamtia wasiwasi. Familia zilijaribu mahakama za Kanada. Mwaka 2012 mlango huo nao ulifungwa. Hatimaye Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, katika uamuzi uliotangazwa mwaka 2017, ilisema serikali ya Kongo iliwajibika kwa yaliyotendeka. Iliagiza fidia ya zaidi ya dola milioni mbili kwa walalamikaji wanane na jamaa zao, uchunguzi mpya, kuombwa msamaha, kufukuliwa kwa miili ili izikwe kwa heshima, ukumbusho wa waliokufa na waliopotea, msaada kwa walioumizwa moyoni, na kutengenezwa kwa majengo yaliyoharibiwa, shule ikiwamo. Familia zimebaki zikidai utekelezaji mwaka baada ya mwaka.

Angalia neno hilo: ukumbusho. Sanamu ya saruji inahitaji bajeti ya Kinshasa. Lakini ukumbusho mwingine mwalimu wa hapa anaweza kuujenga kwa saa mbili na ubao mmoja. Aandike upande wa kushoto yale ripoti ya MONUC ilisema, katikati yale mahakama ya Lubumbashi ilisema, kulia yale Tume ya Afrika ilisema. Wanafunzi walinganishe. Wapi wanakubaliana? Wapi wanapingana? Kila mmoja alimsikiliza shahidi gani? Hakuna anayehitaji kusimama mbele ya darasa na kusema «baba yangu». Na hapo nasisitiza sana, walimu wangu: msimlazimishe mtoto yeyote kutoa ushuhuda wa nyumbani kwao. Yuko ambaye baba yake alikufa. Yuko ambaye kaka yake alifuata waasi kwa siku moja. Yuko, pengine, ambaye mjomba wake alivaa sare. Wote wanakaa benchi moja. Karatasi zizungumze kwanza. Mwenye neno lake atalileta mwenyewe, siku yake.

Wengine wataogopa mkubwa fulani kukasirika. Lakini nilivyosema, hayo ni maandishi ya wazi: hukumu ya mahakama ya nchi na uamuzi wa tume ambayo nchi yetu imo. Kuyasoma darasani si uasi. Hatari kubwa naiona upande mwingine. Kijana asiyejua kwamba mwaka 2004 watu wachache wenye ahadi waliingia hapa, wakachukua vijana wa umri wake, na mji mzima ukalipa, kijana huyo ataambiwa ahadi zilezile kesho na atazisikia kama mpya. Tuliona tena baadaye, Bakata Katanga walipotawanya vijiji vya Pweto, Mitwaba na Manono, na mwaka 2017 maelfu walipovuka kwenda Zambia, wengi wakawekwa Mantapala, katika wilaya ya Nchelenge, ng'ambo ya ziwa hilihili. Ni barabara ileile ya kukimbia. Nkambo zao walikuwa wameshaipita.

Kwenu mlio mbali, mkiwa mmepanga chumba kimoja Katuba au mkiwa bado ng'ambo: mtoto aliyezaliwa safarini hana Kilwa isipokuwa mmpe. Na mpe vyote, si vita peke yake. Nimesikia familia ambazo mtoto anajua tarehe ya kukimbia lakini hajui soko lilikuwa upande gani, wala samaki gani alivuliwa majira gani, wala kisima kilichimbwa na nani. Karatasi zenu zihifadhiwe: kadi ya ubatizo, buletini ya zamani ya shule, risiti ya kiwanja, picha iliyofifia. Msizitupe wakati wa kuhama nyumba. Pigeni picha kwa simu, mtumieni mtu mwingine wa jamaa ili zisikae mahali pamoja.

Kwa wanafunzi, kazi ya likizo hii. Chukua daftari. Keti na nkambo wako au na mzee wa jirani, umwombe ruhusa kwanza, na usimkate anaposema. Usianze na vita. Mwulize nyumba aliyozaliwa ilikuwa wapi, na nani alikuwa jirani wa kulia na wa kushoto. Mwulize samaki aliyemwona utotoni ambaye hamwoni tena. Mwulize bei ya kikapu cha mihogo mwaka alioolewa au alipooa. Mwulize mara ya kwanza alipokwenda Lubumbashi, kwa lori la nani, alilala kwa nani. Andika kwa lugha aliyosema, hata kama ni Kibemba, usitafsiri hapohapo. Andika tarehe ya siku mliyoongea. Kisha mwende wawili wawili kwa mzee mwingine, mumwulize yaleyale, muone wapi maneno yanatofautiana; hapo msichague nani mwongo, wekeni alama tu pembeni. Akinyamaza mkifika Oktoba 2004, mwacheni anyamaze, mrudi kwenye samaki. Shule zikifunguliwa, daftari hizo ziende kwa mwalimu wa historia, naye azikalie pamoja na darasa saa moja ya Ijumaa, kabla ya kurudi Berlin.